Mgeni wa Mbega FM Asiyesema Shida Yake

Sehemu ya Tisa

Haya, wale mliopiga simu gazetini wiki nzima kunitukana kwa sababu nilimwacha Kadii mlangoni mdomo wazi, tulieni. Yuko pale pale. Mdomo bado haujafungwa.

Mbele yake amesimama Beryl, yule dada wa wakala wa matangazo kutoka Nairobi, ambaye kila mtu pale Mbega FM alijua anafika kesho. Kumbe yuko hapo jirani Minjila tangu juzi, amejifungia loji na redio ndogo, anasikiliza.

"Kadii, nakuuliza tena," alisema Beryl. "Tangazo langu la majani ya chai liko wapi?"

"Linapigwa, madam! Kila siku, Saa ya Mifugo, kwa Kiorma, vile tulivyokubaliana."

"Jana nimesikiliza Saa ya Mifugo yote. Juzi pia. Kiorma sikijui, sawa. Lakini chai inaitwa Kengele. Hata kwa Kichina ingeitwa Kengele. Sijasikia Kengele."

Kadii akageuka kutazama mlango wa studio.

Kwa wale mnaojiunga nasi leo, karibuni, ingawa sijui mlikuwa wapi wiki zote hizo. Kadii ndiye mtangazaji wa asubuhi, msomaji wa taarifa ya habari, na mkuu wa idara ya matangazo ya biashara ya Mbega FM, idara yenye mtu mmoja. Binti wa kijiji cha Hewani. Ana sauti ya kumtoa mtu usingizini kwa raha, na viatu vilivyoisha soli kwa kuzunguka maduka ya Garsen akibembeleza matangazo.

Na maduka yamekauka. Mwenye duka siku hizi anajitangaza mwenyewe kwa simu, bure, huku amekaa kwenye gunia la sukari. Matangazo ya serikali yamehamia kwingine. Waliobaki kubisha hodi redioni ni waganga wa kurudisha wapenzi na kampuni za kamari.

Ndiyo maana Chai Kengele ilikuwa roho ya Mbega FM. Chai ikiondoka, mwenye redio, Mzee Kitsao, anakiuza kituo. Na mnunuzi hakuwa mbali. Alikuwa chumba cha pili, amekunja nne, anakunywa soda ya Mzee Kitsao.

Mnunuzi mwenyewe ni Kuno, kijana wa kijiji cha Wema aliyekwenda Nairobi na begi la mgongoni akarudi na gari la kampuni ya kamari iitwayo Bahati Chap. Mpango wake mnaujua: mlingoti ubaki Garsen, sauti itoke Nairobi. Muziki kutwa kucha, na katikati ya muziki, kamari. Saa ya Mifugo ife. Habari za mto zife. Kadii arudi Hewani akapalilie ndizi za mamake.

"Tusibishane, madam," alisema Kadii akijilazimisha kucheka. "Rekodi zote ziko kwenye kompyuta. Twende studio usikie kwa masikio yako."

Studioni walimkuta Mzee Molu, fimbo magotini, kofia kando. Molu ndiye sauti ya Kiorma ya Mbega FM. Ng'ombe akipotea popote pale kutoka Garsen mpaka kule Kipini, Molu akimtangaza rangi na alama ya sikio, ng'ombe huyo anarudi kwao. Watu wanamwamini kupita daktari.

Kadii akabonyeza rekodi ya jana. Sauti ya Molu ikajaa chumba.

"Anasema nini?" aliuliza Beryl.

Kiorma cha Kadii ni cha sokoni, lakini kilitosha. "Anasema, 'Mgeni wenu kutoka mbali amenituma niwasalimu.'"

"Mgeni ndiye nani?"

"Ni wewe, madam. Yaani, chai yako."

"Sawa. Endelea."

"Nagaa, hiyo ni amani. Mna amani? Ng'ombe wana amani? Ndama je? Maziwa yapo? Nyasi zipo? Mto umeamkaje? Wazee wameamkaje? Watoto? Mabinti zenu hawajambo? Walio safarini wana amani?"

"Halafu?"

Halafu kompyuta ikalia tii, ukaingia muziki.

Beryl akasimama wima. "Hizo ndizo sekunde zangu thelathini?"

"Ngoja, madam, labda jana tu..."

"Weka ya juzi."

Kadii akaweka ya juzi. Amani, ng'ombe, ndama, maziwa, mabinti, tii. Akaweka ya wiki jana. Amani, ng'ombe, ndama, mabinti, tii. Siku nyingine Mzee Molu alikuwa ameuliza na habari za ngamia, basi hata kwa walio safarini hakufika.

"Mzee Molu!" Kadii alilia. "Chai umeiacha wapi?"

Mzee Molu aliumia. Mlimuona wenyewe wiki zilizopita, si mtu wa kukasirika, lakini hili lilimwingia. "Chai nimeitaja! Kila siku nataja. Nasalimu watu, namaliza, naanza kusifu hiyo Kengele. Nasifu rangi yake, nasifu harufu yake, nasifu mpaka koo inakauka. Juzi nimeitungia wimbo!"

Hapo ndipo Kadii alipojishika kichwa. Kompyuta ya Mbega FM hukata maiki yenyewe sekunde thelathini zikiisha. Mwezi mzima mzee wa watu amekuwa akiimbia chai kwenye maiki iliyokufa. Na Kadii mwenyewe saa hiyo huwa mjini, anapigana na wenye maduka, hasikii kitu.

"Sasa, mzee," alisema Beryl, akijaribu kuwa mpole na akishindwa, "huwezi kuanza na chai moja kwa moja?"

Molu akamwangalia kwa huruma. "Mama, wewe ukiingia kwa mtu unaanza kumwambia nunua? Hujui kama amefiwa. Hujui kama ng'ombe yake iko na homa. Akikufukuza, utasema yeye ndiye mbaya?"

"Lakini hii ni redio!"

"Redio iko wapi? Iko barabarani? Iko ndani ya nyumba ya mtu, kando ya kitanda yake. Kwetu huwezi kufika hapo bila salamu."

Beryl akazidi kupandwa na hasira. Wakati huo huo mlango ukafunguka, akaingia Mzee Kitsao anafuta jasho na shuka ya shingoni, na nyuma yake Kuno, meno yote nje.

"Kuna shida, mama?" aliuliza Kitsao.

"Mwezi mzima tangazo langu halijatajwa jina hata mara moja."

"Pole, sista," alisema Kuno. "Hizi redio za mashambani ziko hivyo. Mzee, si nilikwambia? Mkataba uko tayari. Peni ndiyo hii."

"Wewe nyamaza!" Kadii alimfokea. Kisha akamgeukia Beryl na kumshika mkono. "Madam, nakuomba. Tupe mwezi mmoja mwingine."

"Mwezi?" Beryl akacheka kicheko kikavu. "Kadii, unajua bosi wangu alitaka kufanya nini na hii chai? Kumpa yote yule kijana wa mtandaoni anayecheza na birika kichwani. Mimi ndiye niliyesema hapana, wafugaji hawako mtandaoni, wako redioni. Nikapigana ofisi nzima. Ofisi yenyewe meza nyingi ni tupu sasa. Magazeti yanakonda, runinga zinafukuza watu, na sisi tuliokuwa tunawatafutia matangazo, kila Ijumaa mmoja wetu anaaga. Ijumaa hii ni zamu yangu."

Kadii akamtazama upya yule dada. Kumbe na yeye viatu vinamwishia miguuni! Akamwonea huruma, na papo hapo wazo likamjia.

"Leo ni siku ya soko," alisema. "Wafugaji wote wako pale. Twende uwaulize mwenyewe."

Beryl akafikiri. "Swali moja tu. Chai gani inatangazwa Mbega FM? Mtu mmoja akinijibu, mmoja tu, nabaki na ninyi. Wakishindwa, narudi Nairobi leo hii."

"Na mimi nangoja mpaka Saa ya Mifugo," alisema Mzee Kitsao bila kumtazama Kadii usoni. "Zaidi ya hapo, mwanangu, usinilaumu. Nimechoka."

Mzee Molu akabaki studioni kujitayarisha. Wanawake wawili wakateremka ngazi mbio.

Soko la mifugo lilikuwa limefurika. Wa kwanza kuulizwa alikuwa Abdia, muuza maziwa, msichana ambaye ulimi wake haujawahi kupumzika.

"Abdia, chai gani inatangazwa Mbega FM?"

"Mbega hawatangazi chai."

Wakamuuliza mwenye mbuzi. "Mimi nakunywa chai ya bibi yangu," alijibu, "na hajaniambia jina." Wakamuuliza mchinjaji. Huyo akamuuliza Kadii kama ana malaria.

Wakazunguka, wakauliza kulia, wakauliza kushoto. Hakuna. Hata mtu wa kubahatisha hakuna.

Beryl akashusha miwani machoni. "Basi. Asante kwa kunitembeza. Naita dereva."

Kadii akageuza uso. Alimwona mamake na jembe, akaona kiti cha Molu kitupu, akaona jina la Bahati Chap limechorwa kwenye ngazi zao.

"Kadii," Abdia aliita kutoka kwenye madumu yake, "huyu mkali ni nani?"

"Ndiye mwenye lile tangazo la Mzee Molu," alisema Kadii, anajifuta pua. "La mgeni anayesalimu."

Dumu la maziwa likamponyoka Abdia mkononi.

"MGENI? Mgeni ndiye huyu?"

Akageuka, akatia mikono mdomoni, akapiga ukelele kwa Kiorma ambao nadhani hata viboko wa Tana waliinua vichwa. Soko likatulia. Halafu, ndugu zangu, soko likaja.

Walikuja wenye ng'ombe, walikuja wenye mbuzi, walikuja akina mama na vikapu. Beryl akarudi nyuma, akamshika Kadii bega. "Wanataka kunipiga?"

"Sijui, madam! Simama tu!"

"Nagaa!" walimsalimu wote kwa pamoja, na mikono ikaanza kunyooshwa. Kisha yakafuata maswali.

"Mama, mwezi mzima unatusalimu, husemi shida yako!"

"Unagombea ubunge?"

"Ni kampuni ya mafuta? Unatafuta mafuta kwetu?"

"Ama unataka ardhi? Sema mapema!"

"Bibi yangu anasema ni serikali inataka kuhesabu mifugo. Ameshaficha ndama wote msituni, na mimi sijui ni wapi!"

Beryl alikuwa amepotea kabisa. "Kadii, wanamaanisha nini hawa?"

Kadii naye ndiyo kwanza alikuwa anaamka. Sikilizeni, maana hapa ndipo mambo yalipogeuka. Kwa Waorma mgeni akifika husalimu, akaitikiwa, akakalishwa, akanywa maziwa, kisha ndipo anatoa lililomleta. Hakuna anayemharakisha, lakini wote wanangoja. Sasa huyu mgeni wa redioni alisalimu leo, akanyamaza. Akasalimu kesho, akanyamaza. Mwezi mzima! Mbuga nzima ilikuwa imekaa mkao wa kungoja shida yake, na shida haiji.

"Kwani mnasikiliza kila siku?" Beryl aliuliza.

"Tutaachaje?" alijibu mwenye mbuzi. "Siku utakayosema shida yako, mimi niwe nimezima redio?"

"Mimi nimenunua redio mpya Malindi," alisema mwingine, "kwa sababu yako wewe."

"Mume wangu alikuwa anarudi jioni," alisema mama mmoja. "Siku hizi anarudisha ng'ombe mchana ili awahi salamu. Maziwa yamepungua. Ukisema shida yako leo utanisaidia."

Umati ukapasuka katikati, akapita mzee mrefu mwenye fimbo kwapani na redio imening'inia shingoni kwa kamba. Halkano, babake Abdia, mwenye ng'ombe wasiomalizika kuhesabiwa. Alimsalimu Beryl kwa utaratibu wote, mpaka hali ya safari, mpaka usingizi wa jana. Kisha akasema:

"Wewe ndiye unauliza mabinti zangu kila siku?"

Beryl akamtazama Kadii. Kadii akatazama chini. *Mabinti zenu hawajambo?* Lo!

"Watu wawili walikuja kuposa Abdia," aliendelea Halkano. "Wakasikia redio. Wakasema, huyu mgeni anauliza mabinti kila siku mbele ya watu wote, huyu iko na jambo. Wakaogopa, wakarudi kwao."

"Baba, wamerudi salama," Abdia alidakia. "Mmoja alikuwa mzee kukupita, na yule mwingine anakoroma akiwa macho. Mimi huyu mgeni namshukuru."

Soko likaangua kicheko. Halkano hakucheka. Akanyoosha fimbo. "Mimi nauliza. Ni posa ama si posa? Kama si posa, sema. Na kama ni posa, majani ya chai iko wapi? Mtu anakuja kwa watu mwezi mzima bila majani ya chai na bila sukari?"

Beryl akavua miwani polepole.

"Mzee, umesema mgeni huleta nini?"

"Majani ya chai."

"Tafadhali, rudia."

"Majani ya chai, mama! Kwani wewe masikio yako iko na shida?"

Beryl akamshika Kadii mabega yote mawili, akamtikisa. "Kadii! Unajua Nairobi tunatumia watu wangapi, na mabango mangapi, ili mtu angoje kusikia kitu hata siku mbili? Tunashindwa! Hawa wamengoja mwezi! Na wanachongojea ni majani ya chai!"

"Madam, hatukupanga..."

"Nyamaza! Usiwahi kumwambia mtu kwamba hamkupanga!"

Akatoa simu, akampigia bosi wake. Bosi akauliza kelele hizo ni za nini, kuna maandamano? "Hapana, bosi," alipiga kelele Beryl, kidole sikioni, "ni wateja!" Akainua simu juu. Soko, bila kuambiwa, likasalimu simu. Beryl akairudisha sikioni, akasikiliza, akaitikia, akasikiliza tena, na alipokata alikuwa anacheka huku machozi yanamtoka.

"Chai yote inakuja Mbega FM. Na matangazo yetu ya sabuni pia. Kijana wa birika ameachwa."

Kadii alimrukia shingoni. Wakazunguka pale kwenye vumbi mpaka mbuzi wakakimbia. Aliyeona angedhani ni ndugu wa tumbo moja waliopotezana.

"Shida yako!" Halkano alikumbusha, fimbo bado imenyooka.

"Leo, mzee," alisema Beryl. "Leo hii, Saa ya Mifugo, Mzee Molu ataisema redioni. Na si posa. Abdia yuko huru, na hilo nalo litatangazwa."

"Hilo msiharakishe," alisema Abdia.

Kadii akampigia Mzee Molu. "Baba, leo salimu kwa ufupi ili ufike kwenye chai kabla mashine haijakata. Soko zima linakungoja."

"Nifupishe? Ng'ombe niache?"

"Ng'ombe usiache, baba. Ngamia ndio uwaache."

Mzee Molu akapumua kwa uchungu, lakini akakubali. Kadii akampigia na Mzee Kitsao ampe habari njema. Simu ikaita, ikaita, haikupokewa. Akapiga tena, vile vile. Akasema moyoni atakuwa anakula, na mimi ningekuwa pale ningemzaba kofi, maana Mzee Kitsao hajawahi kuiacha simu iite hata akiwa na kijiko mdomoni.

Saa ikafika. Redio zikatolewa vifuani, mikobani, kwenye vikapu vya punda. Simu zikawekwa sauti ya mwisho. Hata madalali wa ng'ombe wakanyamaza, na hilo Garsen halijapata kutokea.

"Mgeni wenu kutoka mbali amenituma niwasalimu," ilisema sauti ya Mzee Molu kila upande. "Nagaa?"

"Nagaa!" lilijibu soko zima.

"Ng'ombe? Ndama? Wazee? Watoto?"

Wote wakaitikia. Mabinti aliwaruka, Abdia akamkodolea babake macho. Kisha Mzee Molu akakohoa kidogo.

"Na leo," alisema, "mgeni amenituma niwaambie lililomleta. Mgeni amewaletea..."

PAAA! "Bahati Chap, Bahati Chap! Sema nao, msee! Tuma neno SHINDA sasa hivi, uchukue gari!" Na ngoma zikaanza kugonga.

Hakuna aliyesogea. Ngoma ziligonga kwenye redio zote, shingoni, mikononi, vikapuni. Halkano akaitikisa redio yake. Akaigonga kwa kiganja. Kijana wa Nairobi akazidi kumwahidi gari.

"Nani amemfunga mgeni mdomo?" aliuliza Halkano.

Kadii alikuwa amejua. Ameuza! Mzee Kitsao ameuza na saa yenyewe haijaisha! "Ni watu wa kamari, mzee," alisema kwa hasira. "Wanachukua redio. Mzee Molu wamemtoa akiwa anaongea."

Halkano akageuka, akasema maneno machache tu kwa Kiorma. Sitawatafsiria yote, gazeti hili linasomwa na watoto. Jambo kubwa ni kwamba mtu hakatwi kauli akiwa na salamu za watu mdomoni. Soko likaanza kutembea kuelekea mjini. Na kwa kuwa hakuna mfugaji anayewaacha ng'ombe wake sokoni peke yao, ng'ombe nao wakaja.

Kadii alikuwa mbele, anakimbia viatu mkononi, anapiga namba ya studio. Hiyo ndiyo namba wanayopiga wasikilizaji, na ikipokewa, sauti huingia hewani moja kwa moja. Katika haraka yake hakulikumbuka hilo. Ngoma zikanyamaza ghafla, na Mzee Kitsao akasikika kwenye simu yake na kwenye kila redio iliyokuwa nyuma yake.

"Halo? Mbega FM."

"Mzee! Umetia sahihi?"

"Nusu, mwanangu."

"Sahihi ina nusu?"

"Nimeandika Kitsao. Bado jina la baba. Hii ngoma ni majaribio tu, Kuno anapima mitambo."

"Usiandike! Chai imekubali! Na sabuni! Usiandike jina la baba yako!"

"Ngoja, mwanangu, usikie na huku." Mzee Kitsao akashusha sauti, na soko zima likainamisha masikio. "Kuno anasema nikimaliza, meneja ni wewe. Ofisi yenye kiyoyozi. Gari. Mshahara wa kueleweka. Hutazunguka madukani tena kama mtu anayeomba sadaka. Hata kutangaza hutatangaza, ni kukaa tu. Mimi nimeshazeeka. Wewe ndiye uliyeteseka na redio hii, basi useme wewe. Niandike, ama nisiandike?"

Kadii akasimama katikati ya barabara. Nyuma yake watu wakasimama, ng'ombe wakasimama. Wote walikuwa wamesikia. Beryl aliufunika mdomo.

Msinihukumie Kadii wangu kwa kunyamaza. Alitamani. Aliiona ile ofisi yenye baridi, akajiona amekaa, akamwona mamake anamsifia kwa majirani Hewani. Alikuwa amechoka, jamani, amechoka mpaka kwenye mifupa. Kisha akamwona Mzee Molu ametolewa nje ya mlango na fimbo yake, sentensi haijaisha. Na alipogeuka akaona nyuso zile zote zinamtazama, kila mmoja na redio yake, na akajua kwamba akisema ndiyo, watu hawa hawatapata tena mtu wa kuwauliza kama ndama wao wana amani.

"Usiandike," alisema, na sasa alikuwa analia waziwazi. "Mzee Kitsao, kiyoyozi sikitaki. Mrudishe Mzee Molu kwenye kiti chake amalize maneno yake. Usiandike!"

Barabara ikalipuka. Kofia zilirushwa, vigelegele vikapigwa, Halkano akampiga Beryl mgongoni mpaka miwani ikamruka mkononi.

Redioni kikaja kikohozi kidogo. Halafu akasikika Mzee Kitsao, sauti imekuwa ndogo, mtu mzima kabisa anaongea kama aliyekutwa anaiba sukari.

"Ah, mwanangu. Ungesema upesi. Nilikuwa nakuuliza huku mkono unaendelea."

Vigelegele vikakatika.

Halkano akaitoa fimbo kwapani. Akamsogelea Kadii, akainama kidogo, akamuuliza kwa upole wote aliokuwa nao:

"Mama, huo mlango wenu wa redio, unasukumwa ama unavutwa?"